Jiko letu, nyumba ya benki

Jumanne. Mvua imeanza kabla ya adhuhuri na bado inanyesha. Mitaro ya mtaa wa Buyenzi imejaa maji meusi yanayotoka magereji, nami nimekaa katika duka la intaneti, viatu vimelowa, naandika.

Sina hasira. Hasira ni ya mtu unayemheshimu bado. Nilichonacho leo ni dharau, na nimeibeba kwa miguu kutoka benki mpaka hapa bila kumwaga hata tone.

Si tabia yangu. Saidi, mume wangu, alikuwa akinicheka kwamba nikijigonga mlangoni naweza kuuomba mlango radhi. Lakini Saidi yuko kaburini, na leo mlango niliogongana nao ni mwingine.

Eda yangu imekwisha juzi. Muda wote nilipokuwa ndani, benki ilikuwa ikiniita, nami nikawajibu kwamba kwetu mjane hatoki kwenda kwenye maofisi. Wakanijibu kwa adabu sana kwamba wananipa pole. Leo nimejua kwamba huku wakinipa pole, huku walikuwa wakinihesabia faini ya kuchelewa. Hata eda yangu imetiwa bei.

Niseme tangu mwanzo, kwa anayesoma bila kutujua.

Saidi alizaliwa hapa Buyenzi, akajifunza ufundi wa magari chini ya magari ya watu, kisha akaajiriwa gereji ya serikali mpaka akawa msimamizi wa mafundi. Mshahara wake ulipitia benki. Miaka mitatu kabla ya vita, benki ikamwambia kwamba mtu mwenye mshahara kama wake hana sababu ya kulipa kodi ya nyumba maisha yake yote. Akapewa kredi ya miaka ishirini, akanunua nyumba mtaa wa Kanyosha, chini ya milima. Siku ya kusaini walitupa fanta mbili na kalenda yenye picha ya familia inayocheka mbele ya nyumba ya vigae. Niliitundika kalenda ile. Nilidhani wale wanaocheka ni sisi.

Saidi alikuwa na hesabu yake. Nyumba aliigawa mafungu kumi: jiko, korido, baraza, vyumba, na kadhalika mpaka choo. Kila miaka miwili ya kulipa, fungu moja linakuwa letu. Alianza na jiko. Miaka miwili ilipotimia aliingia jikoni na nyundo, akapigilia msumari ukutani, akatundika kikaango, akamwambia binti yetu Zuena, "Jiko limetoka. Hapa ni kwetu." Kuta nyingine zote zilikuwa haziguswi na msumari. Ukitaka kutundika picha sebuleni unaambiwa subiri, sebule bado iko kwa benki.

Mama yangu alilipokea jambo hilo kwa namna yake. Tangu siku ya kwanza alikuwa amesema kwamba kredi ile ni riba, na riba haina baraka. Basi akija kututembelea anapita sebuleni bila kukaa, anakwenda moja kwa moja jikoni na kuketi juu ya kigoda karibu na mkaa. Saidi anamwita aje kwenye kiti kizuri. Mama anajibu, "Apana, mukwe wangu. Mi nimekuja kwenu. Huko ni kwa benki, watanidai na mimi."

Tulicheka sana. Kila mwaka tuliucheka mzaha ule.

Kisha vita. Kanyosha tuliikimbia si mara moja. Tulikuwa tukisikia milio inatoka juu milimani, tunafunga nguo katika shuka, tunashuka kuja kulala kwa Mama hapa Buyenzi, sote katika chumba kimoja, na mwisho wa mwezi benki inakata pesa yake kama kawaida. Tulilipia paa ambalo chini yake walikuwa wamelala watu tusiowajua. Safari moja tuliporudi hatukukuta mlango wala fremu yake. Tukanunua mlango mpya. Kwa hiyo mlango ule tuliulipa mara mbili, na wa kwanza bado tunaulipa.

Saidi alikwenda kuwaeleza. Wakamwambia kwamba vita si kosa la benki. Ni kweli. Hata mvua si kosa la paa, lakini paa hufanya kitu.

Kisha faranga ikashuka, na benki ikapandisha riba. Kumbe katika karatasi kulikuwa na mstari unaosema kiwango kinaweza kurekebishwa. Mshahara haukuwa na mstari wa namna hiyo. Hapo ndipo Saidi alipoanza kukubali safari. Lori la serikali likiharibika huko juu milimani, lazima fundi apelekwe, na fundi anayekubali analipwa posho. Mafundi wengi walikataa njia zile. Saidi alikubali, kwa sababu posho ya safari moja ilijaza pengo la mwezi. Alikuwa akirudi na kabichi kubwa za milimani, baridi kama mawe, ananipa niziguse kwa shavu. Nguo zake zilinukisha oili nyumba nzima, nami nilikuwa nikimwambia anuke popote atakapo, mradi arudi.

Gari lao lilishambuliwa njiani. Zaidi ya hapo siwezi kuandika.

Nilitaka kuandika kuhusu leo.

Leo nimekwenda benki. Nimekaribishwa kiti na bwana wa mikopo, kijana wa tai, mpole, mwenye kucha safi kuliko mtu yeyote niliyewahi kuketi naye. Akatoa karatasi ndefu ya safu za namba anayoiita tablo. Nikamwuliza swali moja: mpaka mume wangu alipofariki, vyumba vingapi vilikuwa vyetu?

Hakunielewa. Nikamweleza hesabu ya Saidi, miaka kumi na miwili, mafungu sita. Akacheka. Kisha akaona uso wangu, akaacha, akaanza kufuata safu kwa kalamu.

Haya ndiyo niliyofundishwa, nayaandika ili mwingine asingoje kuyajua akiwa mjane. Unapolipa mwezi wa kwanza, karibu yote unayotoa ni riba. Kinachogusa deni lenyewe ni makombo. Mwezi wa pili vilevile. Miaka inakwenda hivyo, wewe unatoa magunia na deni linapungua kwa vikombe. Benki hula kwanza, ikishiba ndipo nyumba inalambishwa sahani. Ungetaka kuona deni likishuka kwa kweli, ungengoja miaka ya mwisho, ile ambayo Saidi hakuifikia. Na ukilipa mpaka mwisho bila kukosa, umelipa nyumba tatu na unalala katika moja.

Nikasema, basi niambie vyumba.

"Jiko, madamu," akasema. Akaangalia tena faini na riba iliyopanda. "Na kipande cha korido."

Miaka kumi na miwili. Jiko na kipande cha korido. Mama yangu, ambaye hajui kusoma tablo, alikuwa amekaa mahali sahihi siku zote, na sisi tulidhani anatania.

Nikauliza kuhusu asiransi. Kila mwezi walimkata Saidi pesa ya asiransi, kwamba akifa deni linafutwa. Kijana akashusha sauti. Asiransi inalipa magonjwa, inalipa ajali. Kifo cha vita hailipi. Mi sijaitunga hii, madamu, akasema, na namwamini. Lakini mtu fulani aliitunga. Mtu alikaa katika mji huu, miaka hii, akawauzia watu kinga ya kifo, akatoa humo kifo kimoja tu, kile ambacho kila mmoja wetu alikuwa akikiogopa akitoka nyumbani asubuhi. Kisha akaenda kula chakula cha mchana.

Baada ya hapo nilipewa msaada. Wanauita hivyo. Watapunguza malipo ya kila mwezi mpaka yalingane na pesa ndogo ninayopata kwa kushona, na wataongeza miaka kumi na mitano. Nilete tu mdhamini mwenye kipato, nisaini kabla ya Ijumaa. Nikauliza jumla yake itakuwa ngapi. Akanitazama kama nimemwuliza jambo la aibu.

"Watu wanaulizaka ya mwezi, madamu. Ya jumla hawaulizaki."

Nikamwambia mi nauliza. Akabonyeza mashine yake, akaigeuza upande wangu bila kuisoma kwa sauti. Sitaiandika namba ile hapa. Nitasema tu kwamba Zuena atakuwa na watoto wanaokwenda shule na bado tutakuwa tunalipia sebule.

Kutoka benki nikaenda kwa shemeji Rajabu, ndugu mkubwa wa Saidi, mwenye duka la vipuri hapa Buyenzi. Nilikuwa na sababu. Siku ya maziko, kabla ya kuswaliwa, Rajabu alisimama mbele ya jeneza kama desturi yetu ilivyo, akasema kwa sauti iliyofika barabarani kwamba anayemdai ndugu yake asimwachie Mungu, aje kwake. Watu wakaja. Muuza chai akasema amesamehe. Fundi wa matairi akasema amesamehe na akalia. Wanawake waliokuwa ndani na mimi walisema, shemeji yako ni mwanamume.

Sasa nikamwambia mwenye kudai amekuja. Nikamtajia benki.

Rajabu akaanza kupanga boliti juu ya meza, kubwa na kubwa, ndogo na ndogo. Akasema nyumba ya marehemu haiuzwi, ni heshima ya ukoo, watu watasema nini. Akasema nisaini, kidogo kidogo nitamaliza. Nikamwomba basi awe mdhamini. Boliti zikazidi kupangwa.

"Mama Zuena," akasema mwishowe, "mi siku ile nilisema mutu. Benki si mutu."

"Ndiyo maana haishibi, shemeji."

Hakupenda. Wala hakusema atasaini. Akaniitia chai, nikaikataa. Ni mara ya kwanza maishani mwangu kukataa chai ya mtu wa kwetu. Heshima ya ukoo inalipwa na mjane, kwa mwezi, na wanaume wa ukoo wanaitazama kutoka barabarani wakipita.

Kuna jambo sikumwambia, kwa sababu sikuwa nimelifikiri vizuri. Nimelifikiri hapa, wakati mvua inagonga mabati.

Sisi tunaamini kwamba maiti mwenye deni hajafunguliwa. Amezikwa, ameswaliwa, lakini bado ameshikwa mpaka deni lake lilipwe. Rajabu anajua hilo. Ndiyo maana alisimama mbele ya watu. Basi nikisaini karatasi ya kijana yule, sijamsaidia Saidi. Nimemwongezea miaka kumi na mitano ya kushikwa, ili watu wa mtaa waendelee kusema nyumba ya Saidi. Itakuwa nyumba ya Saidi kwa jina, na yeye chini ya udongo anadaiwa korido.

Yuko mfanyabiashara mmoja wa Mutanga Nord, mtaa wa wenye pesa, anayeitaka nyumba ile. Alituma mtu wakati bado niko ndani ya eda, na nilimwona hana haya. Bado namwona hivyo. Ananunua nyumba za wajane kwa pesa taslimu na bei ya dhiki, na vita vimemfanya tajiri. Lakini bei yake ya dhiki inatosha kulifuta deni lote, na faini ya eda yangu ndani yake, na inabaki kodi ya vyumba viwili hapa Buyenzi, karibu na Mama, kwa muda wa kujipanga. Nimeihesabu mara tatu kwa kalamu. Kwa mara ya kwanza nimehesabu jumla, si ya mwezi.

Kwa hiyo nauza. Bwana wa mikopo ataona hasara yangu katika tablo yake na kusikitika. Rajabu atasema nimeuza jasho la ndugu yake. Jasho la ndugu yake nililifua mimi, najua liliishia wapi. Namwachia mfanyabiashara vyumba vyote, na kicheko chote cha kalenda ile.

Zuena amenifuata hapa na mwavuli, naye analia tangu nilipomwambia. Anasema baba alisema pale ni kwetu. Ninatafuta maneno ya kumweleza kwamba baba yake hakudanganya. Alilipa kila alichoombwa na zaidi, ila waliokuwa wakiandika waliandika kingine.

Mvua imepungua. Kesho asubuhi nitapanda kwenda kumwona yule wa Mutanga Nord, na sitampunguzia hata faranga moja kwa uoga. Ijumaa nitaingia benki na pesa yao.

Jioni ya Ijumaa nitakuwa mpangaji, na Saidi hatadaiwa na mtu.