Kura Moja Iliyoharibika

Combefroide, Jumanne, 11 Machi

Dada yangu Hermine,

Pokea salamu za huku juu, ambako theluji bado imekalia mapaa kama mgeni asiyejua kuaga. Natumaini goti lako limetulia, na kwamba yule daktari wako kijana ameacha kukukataza divai. Mimi sijambo, na meno yangu matano nayo hayajambo. Usishtuke kuona kurasa nyingi. Unajua shule niliiacha kabla haijaniacha yenyewe, lakini nina jambo kifuani, na hapa kijijini sina wa kumwambia.

Nadhani umeshasikia kwamba tumekwisha. Mwaka mpya ukiingia hakutakuwa tena na manispaa ya Combefroide. Tunamezwa na Grandrive, ng'ambo ya ziwa, na sisi tutakuwa mtaa wa watu ambao babu zetu waliwaita wala-vyura. Kura zilihesabiwa Jumapili ya tarehe mbili, saa sita mchana, katika darasa la zamani. Sylvette, karani wa manispaa, akatoka na kubandika karatasi mlangoni: Ndiyo 112, Hapana 111, iliyoharibika moja. Mchungaji aliisoma mara mbili kama mtu aliyeona kosa kwenye Biblia.

Kwa sheria yetu, kura zikilingana mpango unakufa. Kwa hiyo macho yote yakaganda kwenye ile moja. Watu wakaulizana ni bwege gani aliyeshindwa kuandika neno moja tu.

Unamkumbuka jirani yetu Élie, wa ghala la jibini, aliyekukanyaga vidole kwenye dansi ya Agosti? Macho yake yamekwisha. Siku hizi anageuza jibini kwa kupapasa, na magome ya msonobari anayozifungia anayachagua kwa ncha za vidole. Wiki ya kura alikuwa amelalamika mgahawani kwamba kile kijisanduku cha kuandikia hakioni. Basi pale mlangoni mtu akapaza sauti, "We Élie, hebu sema kweli, ile karatasi uliipigia kura au uliizungushia gome?" Watu walicheka mpaka wakashika ukuta. Élie akajibu kwamba anadhani aliandika Hapana mahali panapotakiwa, lakini hawezi kuapa.

Ndiyo ikawa hivyo. Akienda kununua mkate anaambiwa, "Babu, hii ni sahani, usije ukaandika." Meya, ambaye huo muungano aliutaka kuliko mbingu, alimfuata nyumbani, kofia mkononi, eti kumshukuru. Gaspard mchinjaji hakujisumbua na mizaha. Alimwambia waziwazi kwamba wazee wake huko makaburini wamempa mgongo.

Jumapili hii iliyopita nilimpelekea supu ya kabeji na soseji nikamkuta amefunga sanduku. Alhamisi hii anahamia nyumba ya wazee, na iko wapi kama si Grandrive. Funguo za ghala ameshampa mpwa wake. Nikamwambia aache upuuzi, atalishwa vyura. Hakucheka. Akasema, "Numa, nimezaliwa hapa, na kijiji nimekiua mwenyewe. Nitawatazamaje watu?" Kisha akaniomba nimwandikie barua kwa manispaa, ya kuomba radhi, kwa kuwa yeye haoni. Nikaiandika, dada. Kwa mkono huuhuu. Hata kidole chake nilikishika nikakielekeza mahali pa kutia saini.

Sasa kaa vizuri kwenye kiti. Ile kura ni yangu.

Niliandika Hapana kubwa, ya kusomwa hata na mbuzi. Halafu nikaona chini yake pamebaki nafasi nyeupe, na wewe unanijua mimi na nafasi nyeupe. Nikamchora meya akiwa punda, na kofia yake, na mkia. Usiniulize kama nilijua sheria. Nilijua: ukitia chochote zaidi ya neno lako, karatasi inatupwa. Lakini wote tulikuwa na hakika kwamba Hapana itashinda kwa mbali, nikaona Sylvette naye, anayeshinda pale akihesabu makaratasi, apate kicheko kimoja. Sylvette ameapa kutosema anayoyaona kwenye kura, na hasemi. Akiniona tu anavuka barabara.

Na yule mtu wa mlangoni, aliyeuliza habari za gome, ni mimi vilevile. Niliogopa wasije wakaanza kujiuliza ni nani kijijini hapa anayependa kuchora.

Leo asubuhi nimeichana ile barua ya radhi, niliyokuwa bado sijaipeleka, nikaenda kwa Élie nikamweleza yote, nimesimama wima kama mbele ya hakimu. Nilitarajia fimbo, na ningeipokea. Akauliza tu kama punda alifanana na meya. Nikasema alifanana sana. Akasema, "Basi kawaambie hivyohivyo. Mimi Alhamisi naondoka, isipokuwa nikisikia kwa mtu mwingine kwamba umesema." Kisha akanitoa nje na kufunga kwa ufunguo, yeye ambaye mlango wake haujawahi kufungwa tangu tukiwa watoto.

Kesho jioni, wote watakapoleta maziwa kwenye kiwanda cha jibini, nitapanda juu ya kreti nitoboe siri. Najua watakavyonitazama. Nimewachekesha miaka sabini, na kesho nitasema neno ambalo halina mzaha ndani yake. Sijui linaanzaje. Kijiji sitakirudisha. Élie, labda.

Wasalimie wajukuu, na umwambie mumeo nauliza kuhusu mgongo wake. Ukisali jioni usinitaje mimi, mtaje Élie.

Ni mimi mdogo wako,
Numa