Jina Nililoliita Studio

Jumanne, Rosettenville



Leo tulikuwa studio kule Newtown, tunarekodi wimbo wa tisa wa albamu. Mimi nilikulia kwenye bendi za dansi Tanga kabla sijahamia huku kusini mwa Afrika, kwa hiyo hata kwenye hizi nyimbo zangu za kantri, gitaa likikaribia kuingia peke yake, namwita mpigaji kwa jina. Nikaita, "Sudi, waambie!"

Anayepiga ni Trésor, Mkongo. Sudi, mpiga gitaa wangu wa zamani, tulimzika miaka kumi iliyopita.

Trésor alimaliza kupiga, akaja kunikumbatia. "Papa, ile jina tuiache ndani ya wimbo. Umeheshimu rafiki yako, iko muzuri sana." Fundi mitambo naye alikuwa anafuta macho. Nikawaacha waamini hivyo.

Sikuwa namheshimu mtu. Niligeuka kumtazama Sudi, nikaudhika kumkuta mtu nisiyemjua amekaa kwenye kiti chake. Hilo liliendelea kwa muda gani, sijui. Mama alianza hivihivi, anammiminia baba chai wakati baba yuko kaburini.

Mwanaidi aliponiuliza kazi imekwendaje nilimjibu, "Sharp," yaani safi tu. Aliniangalia sana. Mke niliyeishi naye miaka thelathini, eish, utamficha nini.

Kesho tunamalizia wimbo wa kumi. Nimechukua karatasi yenye maneno ya wimbo, juu nimeandika: gitaa, Trésor.

Halafu chini yake, kwa herufi kubwa: Sudi amekufa.