Mwaka Mmoja Bila Elinaja, Golikipa Wetu

Jumanne, tarehe 15 Oktoba 2024, ndiyo siku uliyotoka hapa nyumbani Barking, London, ukiwa mzima, mke wangu Elinaja, begi la mazoezi mgongoni, ukaniambia nitoe nyama kwenye friza. Leo mwaka umetimia. Nyama niliitoa. Hukurudi.

Watu wameziona filamu zako ila sura yako hawaijui. Staa akitakiwa kuanguka kutoka ghorofani, anayeanguka ni wewe, umevaa wigi lake. Sisi tunakujua tangu golini, chuo cha ualimu Korogwe, ukiruka kudaka mpira na kutua kwenye kokoto, halafu unainuka unacheka. Siku uliyopewa kusema maneno mawili kwenye tamthilia, ulipigia simu ukoo mzima kule Same.

Mimi kazi hiyo niliiogopa. Ukanicheka: "Baba Aika, wewe unaosha mabasi na unateleza kila siku. Mimi naanguka kwa mpango."

Na mpango ulikuwa nao. Kabla ya mechi ulilikanyaga goli lote pekupeku, mlingoti hadi mlingoti, ujue shimo liko wapi. Huku London ukayafanyia hivyo hivyo magodoro ya kuangukia. Unavua viatu, unayapitia yote, ndipo unapanda juu. Siku ile pia uliyakanyaga. Halafu wakubwa wa filamu wanasema ulikosea kuruka. Wewe, Elinaja?

Musab, mliyekuwa mkianguka pamoja, alikuja msibani akanivuta jikoni. Akaniambia ulitakiwa kuanguka kinyumenyume, kwa hiyo chini ulikuwa huoni, na wapiga picha walikuwa wanakimbizana na jua kabla halijazama. "Shemeji, alipokwisha kupanda, magodoro yalisogezwa. Yalikuwa yanaonekana kwenye kamera."

Mabosi walileta maua. Niliyatupa kwenye pipa, unisamehe, najua ulivyopenda maua. Nikiwauliza, naambiwa uchunguzi unaendelea. Kiingereza changu cha kuokoteza wanakisikia, wananiona mtu wa kuzungushwa, basi wananizungusha.

Binti yetu Aikande bado ananijibu Kiingereza, lakini wewe anakuombea kwa Kiswahili, ili umwelewe vizuri, anasema. Glovu zako za golini hataki zifuliwe.

Mimi nimeishiwa nguvu, mke wangu. Ile nyama niliirudisha kwenye friza. Kuila siwezi, kuitupa siwezi.

Unakumbukwa na mimi mumeo Solomon, binti yetu Aikande, mama yako Bibi Nakunda wa Same, dada yako Placida wa Walthamstow, shemeji na wapwa zako wote, na Musab, ambaye tangu aseme ukweli haitwi tena kazini. Hutatutoka moyoni, Elinaja, hadi tutakapokufuata.

Wakubwa wale Kiswahili hawakijui, hapa hawatasoma. Basi wewe unayesoma, ukikutana nao, niulizie: nani alisema magodoro yasogezwe, na mke wangu yuko juu?