Mikono ya Wifi kwenye Kioo cha Simu

Jumamosi, 2 Machi

Leo nimemfundisha mama mkwe kurekodi skrini. Miaka sitini na minane! Alinifuata jikoni kashika simu kama mtu aliyeshika yai. Akauliza: kinachopita kwenye kioo cha simu, hakiwezi kushikwa kikabaki?

Nikadhani ni mahubiri. Kumbe ni wifi yangu, kitinda mimba wake. Kiziwi tangu utotoni. Anaishi mji mwingine, anajalidi vitabu kwenye kiwanda cha uchapaji. Kila Jumapili humpigia mama yake kwa video. Mikono ya wifi inakimbia, mama anaitikia kwa kichwa — ndiyo, ndiyo — wanapungiana, basi. Hayo ndiyo mazungumzo yao miaka yote.

"Shuleni walimpa lugha yake," mama akaniambia. "Mimi nikabaki na ishara zetu za nyumbani. Kula. Lala. Njoo. Acha. Sasa anaongea mbio, mwanangu. Nikidaka neno moja, kumi yamepita."

Kusoma meseji kwake ni shida pia, herufi anaziokota mojamoja. Nikamwonyesha: teremsha kidole kutoka juu, tafuta alama ya kurekodi skrini, gusa, ngoja ihesabu tatu, mbili, moja. Kitone chekundu kikiwaka, imeshika. Simu ikauliza, irekodi na sauti?

Mama alicheka mpaka akatafuta pa kukaa. "Sauti ya nini tena?"

Jumatatu, 4 Machi

Kaweza! Dakika kumi na mbili za jana, safi. Majaribio matatu ya kwanza yaliharibika. Moja lina dakika saba za kioo kitupu na kidole chake kikihangaika huku na huku.

Halafu simu ikagoma, imejaa. Akafuta video moja ndefu. Ipi? Ya harusi yangu! Nikang'aka. Akanitazama bila wasiwasi: "Harusi ilishapita. Ndoa si unayo?" Mume wangu akakimbilia bafuni kucheka. Nilimsikia.

Jioni simu ikaandika "Hakuna WiFi." Mama akaja mbio: hakuna vipi, nimeongea naye jana tu!

Alhamisi, 7 Machi

Nilikuwa nadhani atachoka. Hachoki. Anacheza rekodi polepole, anasimamisha, anarudisha nyuma, anasimama mbele ya kioo cha kabati na kuiga. Ana daftari. Kwa kuwa kuandika kunamchelewesha, anachora. Kurasa nzima za mikono! Vidole vimekaa kama ndizi lakini unaelewa.

Kuna kitu wifi amekirudia mara tatu. Mkono shingoni, kisha ngumi kifuani inatetemeka. Mama kaniuliza maana yake. Sijui. Miaka tisa ndani ya ukoo huu na najua ishara tatu: chai, mtoto, kwaheri. Nimeona aibu. Sijamwambia mtu.

Jumamosi, 9 Machi

Sijui nianzie wapi.

Asubuhi, kazini kwetu kwenye duka la miwani, aliingia mwalimu wa shule ya viziwi, mteja wetu. Fremu yake imechomoka mkono. Nikamwomba, huku naikaza skrubu, atusaidie kusoma rekodi moja. Akakubali. Nikampigia mama, akaja na kanga ya jikoni, hata viatu havilingani.

Mwalimu alitazama mara moja tu. Tabasamu likafutika usoni. Akasema polepole: binti yako anasema madaktari wameona uvimbe shingoni. Atapasuliwa tarehe kumi na moja mwezi wa nne. Anaogopa. Usiku halali. Halafu anauliza — Mama, utakuja?

Na pale kwenye pembe ya skrini, ndani ya kile kisanduku kidogo, yupo mama mkwe mwenyewe. Anatabasamu. Anaitikia kwa kichwa. Ndiyo, ndiyo. Anapunga.

Rekodi imeshika wote wawili.

Mama hakumtazama wifi tena. Aliitazama ile pembe. "Rudisha," akamwambia mwalimu. Akarudisha. "Rudisha tena." Mara ya tatu akasema, "Mwanangu ananiambia anaogopa, mimi namchekea."

Nikajaribu: Mama, hukujua. Akanikatiza. "Yeye alijua kwamba sijui. Mtazame." Kweli. Baada ya kuuliza, wifi alingoja kidogo, akaona kichwa kikiitikia kama kawaida, akainamisha uso. Kisha akapunga naye. Hakuliamini lile ndiyo.

Mteja alikuwa anangoja kaunta. Sikumwona hata kidogo.

Njiani mama alitembea mbele yangu. Karibu na nyumbani akasimama. "Nimeulizwa, nimeitikia. Basi nitakwenda. Lakini sitakwenda kukaa pembeni kama kabati."

Jumapili, 10 Machi

Mama alijiandaa toka alfajiri. Simu ilipolia hakungoja. Mkono shingoni. Kisu. Hofu. Kisha kidole kifuani: mimi najua.

Wifi aliganda! Nikadhani mtandao. Kisha akauliza — hilo hata mimi nilielewa — umejuaje?

Mama, kwa fahari yote, akamwonyesha daftari, akaeleza kwa vidole vyake vya ndizi: nakushika kwenye simu, nakutazama tena na tena, mwalimu akanisomea.

Uso wa wifi ukabadilika. Tulivyoelewa, mimi na Mama, kwa uso na mikono: Umenirekodi? Bila kuniambia? Hofu yangu umempa mtu mwingine aitazame? Akakata.

Mume wangu akaanza kumtetea mama yake. Mama akamnyamazisha: "Ana haki. Hata wewe ungekasirika mtu akijificha nyuma ya mlango wako." Hakula mchana.

Mume wangu naye ana donge lake. Yeye anaandikiana meseji na dada yake kila wiki. Mbona hili hakumwandikia?

Jumanne, 12 Machi

Siku mbili, kimya. Mama hajaigusa simu. Jioni meseji ikaingia kwa mume wangu. Akatusomea kwa sauti, akikwama katikati. Nainakili:

"Sikukuandikia kaka kwa sababu nilitaka Mama alisikie kwanza kutoka kwangu. Kwa mikono yangu, si kwa meseji yako. Mwambie arekodi. Ila aniambie kabla. Na akae mahali penye mwanga, sioni vidole vyake."

Mama alikwishainuka. Anavuta kiti dirishani.

Jumatano, 20 Machi

Sasa wanaongea kila siku, saa kumi jioni, wifi akitoka kazini. Kabla ya kuanza mama anainua kidole: narekodi? Wifi anaitikia. Kitone chekundu. Ndipo darasa linaanza. Wifi anaonyesha neno moja mara tatu, polepole, karibu na kamera. Kesho yake mama anajibu kwa maneno hayohayo. Uvumilivu huo sijui wanautoa wapi, mmoja kumngoja mwenzake, mwenzake kutokata tamaa.

Leo mama alitaka kusema nitakuja na basi. Akasema nitakuja na mbuzi. Wifi alianguka kwa kicheko, akatoka kabisa kwenye picha! Dakika nzima rekodi inaonyesha dari tu na kona ya kabati lake. Nikamwambia mama hiyo afute, inakula nafasi.

"Hii? Ifute harusi yako tena."

Nimemtazama sana mama siku hizi. Mimi nikikosea jambo mara mbili naliacha na kutafuta wa kumlaumu. Yeye anakosea mara kumi mbele ya mtoto wake aliyemzaa, anacheka, anarudia mara ya kumi na moja.

Jumamosi, 30 Machi

Mume wangu kajiunga. Vidole kama magogo. Wifi kamwambia anaongea kwa lafudhi ya mlevi.

Jumatano, 10 Aprili

Tumefika. Mimi na mama, mume wangu kakosa ruhusa kazini.

Wifi alikuwa anatungoja kituoni. Hawakukumbatiana kwanza — walianza kuongea! Mizigo chini, watu wanawapita, mikono inapanda na kushuka. Kisha ndiyo wakakumbatiana. Mpaka nyumbani kwake nilitembea nyuma na mabegi. Nilidaka labda nusu. Kesho. Daktari. Supu. Usilie. Wewe ndiye unalia.

Chumba chake kidogo, kisafi, kinanuka gundi ya vitabu. Jioni wamepitia maneno ya hospitali: maumivu, kiu, baridi, kichefuchefu, siwezi kupumua. Hili la mwisho mama kalirudia mpaka wifi akamshika mikono. Inatosha.

Alhamisi, 11 Aprili

Naandika kwenye benchi la hospitali. Kalamu ya kuazima.

Asubuhi wifi alivumilia vizuri hadi wauguzi walipovaa barakoa. Yeye husoma midomo kidogo. Barakoa ikifunika, kila kitu kimefungwa. Akaanza kugeuka huku na huku. Mama akaomba ruhusa, akasimama miguuni pa kitanda, akamfasiria maswali ya muuguzi moja moja. Una mzio? Umekula? Umeelewa utafanyiwa nini? Pawili alikwama, akasema wazi, "Hilo silijui, andikeni." Wakaandika, wifi akasoma. Mama hakuona haya. Alikisindikiza kitanda hadi kwenye mstari mwekundu wa mlango wa upasuaji.

Saa tatu wifi aliingia.

Saa tano. Hakuna habari. Mama kakaa wima, mikono mapajani, vidole vinacheza vyenyewe.

Saa sita na robo. Daktari katoka: uvimbe umetoka wote, unapelekwa kupimwa, majibu baada ya wiki mbili. Mama kauliza, anapumua? Anapumua.

Saa saba kasoro robo. Muuguzi katoka haraka. Ndugu wa mgonjwa wa shingo? Ameamka, amechachamaa, anarusha mikono. Wamemshika mikono yote miwili asije akang'oa mpira wa dripu. Wanamwambia atulie, hatulii —

Mama kasimama. Sijawahi kumsikia akipaza sauti.

"Mwachieni mikono! Anaongea!"

Muuguzi: wewe ni nani wake?

"Mama yake. Naelewa anachosema. Nipishe."

Kapishwa. Simu kaniachia benchini.

Mlango una kioo kidogo cha duara. Nimesimama hapa, daftari nimeliegemeza ukutani, mwandiko mbaya. Namwona mama mgongo. Namwona muuguzi mwingine akiachia mkono wa kulia, taratibu, kidole kwa kidole. Mkono umepanda. Umesema kitu. Mama ameinama karibu zaidi, anauliza. Mkono unapanda tena — kiu. Mama anaitikia kwa kichwa, ndiyo, ndiyo, na safari hii ameelewa.