Pasipasi

Jumatatu, 4 Machi
Nimeokota neno jipya kwenye foleni ya duka la dawa. Mama mmoja alikuwa anamlalamikia mwenzake kuhusu fundi bomba. Kila akimfuata ni kesho, kesho. "Pasipasi tupu!" Mwenzake akacheka, kaelewa. Mimi nikabaki nimetoa macho. Nimelitafuta kwenye kamusi, halimo.

Jumanne, 5 Machi
Nimemuuliza fundi viatu, jirani yangu wa kibarazani. Akajikuna kisogo. Pasipasi, anasema, ni kumzungusha mtu kwa maneno matamu – humpi jibu, wala humnyimi. Limetoka wapi? Akagonga kisigino kilekile mara kumi. Sema bwana! Ndipo akasema: limetoka kwako, fundi. Mteja akija, nguo hata haijakatwa, wewe unamwambia iko kwenye pasi, iko kwenye pasi. Watoto wa mtaa ndio walioanza. Sasa limefika hadi sokoni.

Jamani! Nimeona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Miaka kumi na tisa ya cherehani, na hicho ndicho wanachonikumbukia.

Na hawajui la dada. Binti yake anafunga ndoa Jumamosi hii. Gauni nashona mimi, na kitambaa ni lesi aliyoiacha marehemu mama, hakuna nyingine. Wiki tatu zilizopita nilikata mikono ya gauni, yote miwili ikawa ya kushoto. Mimi! Kilichobaki hakitoshi hata kola. Dada akipiga simu namwambia liko kwenye pasi.

Kesho namwambia ukweli. Lazima.

Alhamisi, 7 Machi
Sijamwambia.

Ijumaa, 8 Machi
Kaja binti mwenyewe, peke yake, kujaribu gauni. Shikamoo mama mdogo, nina hamu hiyo! Nikamtandikia vipande mezani. Akavipima mkononi, kimoja, kingine, akaelewa. Akalia kidogo. Mimi nikalia zaidi yake – mtu mzima hovyo! Akauliza kama mama yake anajua. Nikatikisa kichwa. Akajifuta machozi: usimwambie leo, presha itampanda. Niachie mimi.

Nikafurahi! Bibi harusi ananifichia, nami nashukuru moyoni. Sina haya.

Dada amefika. Nimejibanza nyuma ya pazia la kujaribia nguo na daftari hili, eti natafuta sindano. Nasikia binti anamwambia vimebaki vifungo tu, gauni limetulia, utalipenda. Dada anacheka, anasema basi kesho asubuhi atalifuata mwenyewe. Karibu sana mama, anamjibu. Sauti yake haitetemeki hata kidogo.