Mbwa wa Kinyozi Anatulizwa kwa Siri

Mpendwa mshauri, naomba msaada maana nimejitia kitanzi mwenyewe, mimi ni fundi cherehani, nashonea nyumbani, mume wangu ni kinyozi, na tuna mbwa wetu Kamanda ambaye akisikia hodi alikuwa anatetemeka mpaka anajikojolea, tukampeleka kwa daktari wa mifugo akampa vidonge vya kutuliza hofu, akatulia vizuri tu, basi mume wangu akasema mbwa amepona, dawa za nini, akamkatisha dawa siku hiyohiyo. Weee! Kamanda hali, halali, akamng'ata mama mkwe kidole, nami kwa kuogopa asije akafukuzwa nikaanza kumpa kwa siri vidonge vilivyobaki, nafukia kimoja ndani ya kiini cha yai, akatulia tena. Sasa mume wangu kavimba kichwa, kila anayekaa kwenye kiti chake anahubiriwa jinsi alivyomtibu mbwa kwa msimamo tu, na jirani yetu wa mlango wa pili, mwalimu mstaafu ambaye paka wake anapewa dawa kwa sababu alikuwa akijinyonyoa manyoya mpaka anatoka damu, ameshawishika, anasema mwezi ukiisha anazitupa zote chooni. Nampenda yule mama, na paka ndiye mwenzake pekee. Lakini nikisema ukweli mume wangu atachekwa mtaa mzima. Nifanyeje heshima yake isiguswe?

Fundi Mwenye Mayai

Fundi, pole. Pole umeshapata, sasa tusemezane. Yaani paka wa watu anakaribia kuumia, nawe unaniuliza habari za heshima ya kinyozi? Jamani!

Mumeo alikosea kukatisha dawa ghafla, maana mwili ulioizoea unayumba, na hofu inaweza kurudi kali kuliko mwanzo. Wewe nawe umejipa udaktari wa kukisia. Hamjapishana sana, ila yeye anajisifu na wewe unajificha. Na hivyo vilivyobaki vikiisha je? Utamkatisha ghafla mara ya pili, safari hii kwa mkono wako.

Nenda kwa daktari wa mifugo kabla havijaisha, umweleze yote, hata kidole cha mama mkwe. Usiongeze wala kupunguza mwenyewe. Akiona wakati umefika, atakupangia kupunguza kidogo kidogo, taratibu, huku mkimzoesha Kamanda kusikia hodi bila woga. Chagueni kipindi nyumba imetulia, si cha wageni. Dalili zikirudi, simameni hapo mlipofika, mpigieni daktari. Haya si mashindano, hakuna atakayekuvisha medali.

Mumeo mwambie mkiwa wawili tu, bila kumsuta. Atanuna. Mwache anune. Akipenda aendelee kushauri watu, ila kuhusu nywele.

Lakini hayo yote baadaye. Umekaa ukaniandikia mimi nisiyekujua, wakati mwalimu yuko mlango wa pili na dawa za paka bado anazo mkononi. Weka gazeti chini, ukapige hodi.