Namharakishia Mzee Muziki Wake Bila Yeye Kujua

Mpendwa mshauri,

Naomba unishike mkono, maana hapa nilipo sina wa kumwambia, ofisini wote ni watu wake na nyumbani mume wangu nikianza tu ananiuliza "tena huyo mzee?", kwa hiyo nakuandikia wewe, na unisamehe barua ikiwa ndefu, nikianza kumzungumzia huyu mtu huwa sijui pa kufungia.

Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na minne, kazi yangu ni kuunganisha muziki na picha kwenye katuni ya televisheni, ile ya bata tarishi anayepeleka barua nyumba kwa nyumba na kila mara anafika amechelewa, ambayo imerushwa miaka ishirini na mitatu, na muziki wake wote, kuanzia ule wa kufungulia hadi ule wa sekunde tatu bata anapopiga chafya, umetungwa na mtu mmoja tu, ambaye sisi tunamwita Mzee Hatua. Jina hilo amelipata kwa jinsi anavyofanya kazi, kwanza anaitazama picha bila sauti mara kumi, mara kumi na tano, mikono mgongoni, halafu anatoka kwenye korido inayotoka chumba cha sauti kwenda jikoni kwenye chai, na anaanza kutembea. Akiwa bata anatembea kibata, makalio nyuma na vidole vya miguu nje, akiwa mama kuku anatembea kwa kudonoa, akiwa fahali askari anakanyaga mpaka vikombe vinagongana kabatini, mtu mzima mwenye mvi, miwani ya kamba na tai kila siku, na hakuna anayemcheka, msafishaji akiona ameanza anainua ndoo yake na kujibana ukutani mpaka amalize. Anahesabu kwa midomo, anarudi kwenye kinanda, na kasi aliyoipata miguuni ndiyo kasi ya wimbo, hatazami saa wala mashine. Anasema mtoto hasikii muziki wa katuni, mtoto anaona bata anatembea, na kama bata hakutembea basi mtunzi naye siku hiyo hakufanya kazi.

Mshauri, nataka uelewe ni mtu wa namna gani ili ujue uzito wa kosa langu. Kaka yake kila wanapokutana humuuliza lini atatunga muziki wa watu wazima, na yeye humjibu kwamba mtu mzima akichoshwa anapiga makofi kwa adabu, mtoto akichoshwa anainuka na kuondoka, kwa hiyo ameamua kubaki kwenye kazi ngumu. Masikio yake yanatisha, kuna mwaka friji ya jikoni ilizimwa miezi kadhaa kwa sababu alisema inanguruma chini kidogo ya sauti ya klarineti ya bata na inampotosha mpigaji, sisi hatukusikia chochote, akaja fundi na vifaa vyake akapima akakuta ni kweli, tukanywa maji ya moto mpaka ilipoletwa friji nyingine. Na mimi mwenyewe aliniajiri bila kuniuliza cheti. Siku ya usaili, miaka sita iliyopita, nilimwambia kwamba nilipokuwa msichana nilikuwa nakwenda shule na wimbo wa bata kichwani, kutoka getini kwetu mpaka kengele, akafungua mlango wa korido akasema "hebu tembea nione," nikatembea hadi jikoni na kurudi, akasema, "Jumatatu uje, ila hizo raba ulizovaa hazisemi kitu," na tangu siku hiyo ananiita Raba, na mimi tangu siku hiyo sijawahi kuvaa kiatu kingine kazini, nusu kwa mazoea nusu kwa ubishi.

Sasa kosa lenyewe. Miaka miwili iliyopita goti lake la kulia lilimwishia, akakaa hospitali, akarudi na fimbo, akaendelea kutembea korido ile ile. Kipindi cha kwanza baada ya kurudi kilikuwa cha bata kukimbizwa na mbwa, akatunga, na muziki ulikuwa mzuri kabisa, lakini ulikuwa wa bata anayesindikizwa, si wa bata anayekimbizwa, na mtayarishaji wetu, mwenye kauli ya mwisho juu ya kila kipindi, alikuwa anakuja kusikiliza baada ya chakula cha mchana. Nikaogopa. Nikauingiza kwenye kompyuta nikauongezea kasi asilimia sita bila kubadilisha sauti, ukakaa, ila ukaisha kabla ya picha, nikarudia mapigo machache mwishoni kuziba pengo. Mtayarishaji akampiga mzee begani, akamwambia, "Goti limekwenda lakini mkono upo," na mzee akacheka, akaniangalia mimi, akasema, "Tumshukuru Mungu na mafundi." Nilitamani sakafu inimeze.

Tangu hapo ni vipindi themanini na kimoja, mshauri, na vyote nimevigusa, sasa nimefika asilimia kumi na moja. Bahati nzuri ni kwamba kuanzia kama wiki ya tatu uzee ulianza kumfanya aongeze mapigo mwishoni mwa kila wimbo, manane, kumi na mawili, siku hizi hata zaidi, kama mgeni aliyekwisha kuaga lakini bado amesimama mlangoni, kwa hiyo nikiuharakisha unaishia pale pale picha inapoishia, bahati tupu, wala sihitaji tena kuziba chochote.

Lakini sasa katuni inafika mwisho, bata anastaafu, na mtayarishaji kwa kumheshimu mzee amekodi ukumbi, Alhamisi ijayo saa nne asubuhi, wapigaji thelathini, picha kwenye kitambaa kikubwa, waandishi wa habari, na mzee mwenyewe mbele akiwaongoza kipindi cha mwisho moja kwa moja. Wakamletea vile vya masikioni vinavyotoa mpigo wa mashine, akavirudisha, akasema, "Hivi vinahesabu, havitembei." Tukio la mwisho ni dakika nne bila neno hata moja, bata anapeleka barua yake ya mwisho, na kwa mara ya kwanza katika miaka ishirini na mitatu anafika kwa wakati. Nimeupima muziki alioandika kwa mwendo wake wa sasa, bata atakuwa ameshagonga mlango na muziki bado uko njiani, sekunde ishirini na sita nzima, mbele ya watu wote hao.

Nifanye nini? Nikimwambia nitamvunja, atajua kwamba miaka miwili ya kazi yake imeshikwa na mkono wa mtu mwingine. Nisipomwambia ataaibika siku yake kubwa kuliko zote. Nimezungumza kwa siri na mchoraji mkuu tuipunguze picha mwendo kwa asilimia kumi na moja ili bata amfuate mzee, amekubali shingo upande. Na juu ya yote, juzi mzee ananiambia mbele ya ofisi nzima, "Raba, Alhamisi usije na hizo raba. Vaa viatu vinavyolia, usimame mahali nitakapokusikia." Watu wakacheka, na mimi nikajifanya nacheka, lakini iliniuma, yaani mimi namfichia aibu yake na yeye ananitania mavazi mbele za watu. Nisaidie, mshauri. Silali, sili vizuri, na nampenda huyu mzee kama baba aliyenizaa.

Raba, wa chumba cha sauti

Raba,

Barua yako nimeisoma mara mbili. Ya kwanza nilikuonea huruma, ya pili nilitamani kukufinya sikio.

Tuanze na huruma, maana haitachukua muda. Ulimpenda mtu, ukaona anateleza, ukamshika kabla hajaanguka. Ile siku ya kwanza sikulaumu, hata mimi ningefanya hivyo. Na nikuambie kitu: wajukuu zangu wanaitazama hiyo katuni, na wa mwisho alijifunza kupanda ngazi kwa wimbo wa bata, hatua moja mpigo mmoja, akikosea anashuka kuanza upya. Sikuwa najua kwamba nyuma ya wimbo huo kuna mzee amevaa tai anatembea kibata kwenye korido. Tangu nimesoma barua yako nimekuwa nikimtazama bata kwa heshima nyingine.

Sasa sikio. Umeniandikia kwamba mtu huyu alisikia friji ya jikoni ikinguruma kwa kiasi ambacho fundi alihitaji vifaa kukipima. Halafu unataka niamini kwamba mtu huyo huyo amesikiliza vipindi themanini na kimoja, nyimbo zake mwenyewe zikienda mbio, asigundue. Binti, ulikuwa unaandika huku umelala?

Na hiyo bahati umeitaja mara mbili. Mimi muziki sijui, nilitolewa kwenye kwaya nikiwa na miaka tisa, lakini hesabu najua. Wimbo ukiukimbiza unaisha mapema. Wewe mwenyewe ulibaki na pengo, ukaliziba. Wiki ya tatu pengo likatoweka. Nani aliliziba? Uzee ukiongeza kitu unaongeza ovyo, leo mbili, kesho hamsini, haukadirii mpaka ukaishia pale pale picha inapoishia. Uliposogea kutoka sita kwenda kumi na moja, nyongeza zake nazo zikapanda, umeniandikia mwenyewe. Kafungue makaratasi yake ya miaka miwili uyapange mezani, utaona.

Anajua, Raba. Nadhani amejua tangu pengo la kwanza, alipomshukuru Mungu na mafundi huku anakutazama wewe. Anatunga kwa goti alilonalo kwa sababu hana namna nyingine ya kutunga, na anakukatia nguo kubwa makusudi, akijua utaipunguza. Hajasema kwa sababu wewe hukusema. Mmekaa chumba kimoja miaka miwili mnaoneana haya kama wachumba. Na hiyo hofu kwamba atajua kuna mkono wa mtu mwingine kwenye kazi yake, iondoe. Huo mkono aliuchagua mwenyewe siku ya usaili, tena kwa kuutazama ukitembea.

La kupunguza mwendo wa picha uliache leo hii. Mwambie mchoraji asiguse kitu. Bata amechelewa miaka ishirini na mitatu, siku anayowahi ndiyo unataka kumvuta mkia?

Nilipofika kwenye viatu niliiweka barua chini nikaenda kunywa maji. Mzee amekataa mashine kwa sababu haitembei, kisha akakuomba wewe uje na viatu vinavyolia usimame atakapokusikia, na wewe umekasirika. Alikuwa anakuomba miguu. Ameomba kwa utani, mbele za watu, kwa sababu wazee wengi wakitaka kitu wasichoweza kuvumilia kunyimwa, huomba hivyo.

Fanya hivi. Kesho asubuhi uwe koridoni kabla hajafika. Usimwandalie hotuba na usimlilie. Mwambie, "Mzee, miaka miwili nimekuwa nauharakisha muziki wako. Nisamehe kwa kukuficha." Kisha nyamaza. Kama mimi nimekosea na hakuwa anajua, atakasirika, na atakuwa na haki, utavumilia; bora akasirike koridoni mbele ya ndoo na msafishaji kuliko ukumbini mbele ya watu thelathini na vyombo vyao. Akimaliza, mletee kiti akae. Wewe tembea, yeye ahesabu, dakika nne zote, kila siku mpaka Jumatano, mpaka mwendo umwingie mkononi kama ulivyokuwa ukimwingia miguuni. Alhamisi, kabla hawajaanza, mtembelee hatua ishirini kwenye mbao za jukwaa ashike kasi, kisha simama pembeni anapokuona. Ukiona mkono wake unaanza kulegea, nyanyua miguu papo hapo ulipo, taratibu bila kelele. Atakuelewa, mmeelewana kimyakimya vipindi themanini na kimoja.

Viatu huna, najua. Kanunue leo, vya kisigino kigumu, uvivae nyumbani siku mbili visije vikakubana. Mume wako akiuliza "tena huyo mzee?", mjibu ndiyo, na umwambie aje ukumbini ajionee. Na ukianza kutembea usimfikirie mzee wala goti lake, utakosea. Tembea kama ulivyokuwa ukienda shule, kutoka getini kwenu mpaka kengele.